Aliyegeuka Alipoitwa Fredi

Hapo zamani za juzi, katika nchi moja isiyotajwa ili isije ikajisikia vibaya, palikuwa na watu wengi na majina machache.

Majina yenyewe yaliletwa na Wazungu kwa meli, yamefungwa marobota kama mitumba. Robota lilipofunguliwa, waliowahi walichagua daraja la kwanza: William, Richard, Edward, Elizabeth, Margaret. Waliofuata wakapata Alfred, Wilfred na Beatrice. Waliochelewa, maskini, siku hiyo walikuwa shambani, wakaokota yaliyobaki chini yana mikunjo: Norbert, Hildegarda, Ethelbert. Moja halikuchukuliwa na mtu kabisa, kwa sababu ukilitamka unaumwa ulimi. Hilo lilikuwa Cuthbert.

Na kama ilivyo kwa mitumba, jina likikupwaya unalipunguza. Elizabeth likakatwa likawa Beti, na mabaki yake yakashonewa Liza. Margaret likawa Magi. Richard likawa Riki. Alfred likawa Fredi, Wilfred nalo Fredi, Frederick nalo Fredi, hata ukiita Fredi sokoni ilikuwa kama umerusha mtama kwenye kuku.

Kwa kuwa majina yalikuwa ya kugawana, watu wakajitungia adabu yao. Wajina ni ndugu. Wajina wako akiugua, unampelekea uji. Akifa, unabeba jeneza upande wa kichwa. Akibisha hodi ana njaa, humwulizi alikotoka, unampa kigoda. Na mtu akipewa jina, yule anayempa hujaza maji safi mdomoni akampulizia usoni, pfuu, ili moyo wake uwe safi kama yale maji.

Ilikuwa desturi nzuri sana. Ila tu wakubwa walikuwa bado hawajaigundua.

*

Sasa, katika mji wa Kisimani, ambao haukuwa na kisima, aliishi msichana mmoja jina lake Winfrida. Nyumbani wakimwita Wini. Alikuwa na aibu nyingi, na sauti yake ilikuwa ndogo mno. Ukitaka kumsikia lazima uinamishe kichwa. Mwalimu wake hakuwa mtu wa kuinama, kwa hiyo kila mwisho wa mhula aliandika kwamba mtoto huyu hajui kitu.

Baba yake alikuwa Wilfred, mwenye mashine ya kusaga unga, na mji mzima ulimwita Fredi wa Mashine. Alikuwa mweupe nyusi mpaka ndevu kwa vumbi la unga, na mtu mwepesi wa kucheka.

Siku moja Waziri wa Maji alikuja Kisimani kuzindua bomba. Waziri huyo aliitwa Mheshimiwa Alfred Lukumbo. Mbuzi wakachinjwa, maspika yakafungwa, na gari la matangazo likapita mitaani likisema Mheshimiwa anawaalika wajina wake wote waje wale nyama na kuvaa fulana zenye sura yake.

"Wini, twende," alisema baba yake, akajipangusa unga na kuvaa koti la arusi yake. "Wajina wangu kanikumbuka."

Getini alikuwepo mama mmoja wa itifaki, amevaa miwani ya jua chini ya mwavuli.

"Jina?"

"Fredi."

"Fredi nani? Nipe jina zima."

"Wilfred."

Yule mama akacheka akamwangalia koti. "Baba yangu, hapa wanaingia kina Alfred. Hiyo Fredi ni ya kijiweni. Mheshimiwa ana undugu gani na Wilfred?"

"Lakini sote tunaitwa Fredi."

"Fulana inatoka kwa jina zima. Sogea, unawazibia wenye majina."

Baba yake Wini akavua koti akalikunja. Wini alitaka waondoke, lakini umati ulikuwa umeshawasukuma mpaka chini ya jukwaa, na hapo Mheshimiwa akatangaza kwamba atawabariki watoto wa Kisimani kwa desturi ya mababu, yaani kwa kuwapulizia.

Mkononi hakuwa na maji. Alikuwa na glasi ya kitu cha rangi ya chai ambacho hakikuwa chai. Na mdomoni alikuwa na utumbo wa mbuzi ambao hakuwa amemaliza kuutafuna.

"Nileteeni hako kembamba," alisema.

Wini akainuliwa kwapani kama gunia. Aliona mdomo ukikaribia, ukijaa, mashavu yakituna, na mafuta yaking'aa kwenye kidevu. Kisha pfuu. Pombe, mate, na kipande cha utumbo kikamnasa kwenye nyusi. Umati ukapiga makofi. Mama mmoja akasema, "Watu wana bahati."

Wini akatambaa kati ya miguu ya watu mpaka kwenye bomba jipya, lililokuwa limefungwa utepe wa rangi za taifa. Akafungua ili anawe. Bomba likakohoa. Likatoa mjusi. Mjusi akamwangalia Wini, Wini akamwangalia mjusi, kila mmoja akaenda zake.

Nyumbani maji yalikuwa yale ya mtaroni, ambayo unayaacha kwenye ndoo mpaka tope litulie, na siku ile yalikuwa hayajatulia. Mama yake akamfuta uso kwa pumba za mahindi. Harufu ikabaki. Wini hakula siku hiyo, na hata baadaye, kila alipoona utumbo, koo lilijifunga lenyewe.

*

Yule mjusi ndiye aliyeleta kesi. Walikuja wafadhili kutoka ng'ambo kupiga picha na bomba lao. Bibi mmoja mwenye kofia akalifungua huku akitabasamu kwenye kamera, akatoka mjusi, labda ndugu wa yule wa kwanza. Wakachimba. Wakakuta bomba limechomekwa kwenye zege kama mshumaa kwenye keki, na chini yake hakuna kitu.

Mabomba yenyewe hayakuwa yamefichwa. Yalikuwa uzio wa shamba la Mheshimiwa, na mlingoti wa bendera yake, na bembea ya wajukuu zake. Mbuzi wake walikunywa maji kwenye mabomba yaliyopasuliwa katikati, maji baridi, kutoka kisima kilichochimbwa kwa ajili ya Kisimani.

Wafadhili wakakasirika, na kwa kuwa wafadhili wakikasirika Ikulu haipati usingizi, ikabidi Mheshimiwa ashtakiwe. Akapatikana na hatia. Jaji akamhukumu miaka mitatu, akatoa leso akafuta machozi, maana walisoma pamoja.

Hapo akasimama wakili wa Mheshimiwa, kichwani amevaa wigi la manyoya ya kondoo, jasho linamtiririka masikioni.

"Mheshimiwa Jaji," alisema, "sisi si watu wa kuiga Wazungu. Tuna utamaduni wetu. Je, wajina si ndugu? Je, wajina habebi mzigo wa wajina?"

"Hubeba," alisema Jaji, leso bado iko mkononi.

"Na kifungo si mzigo?"

Jaji akafikiri kwa muda mrefu, hata watu wakadhani amelala. Kisha akasema: "Mahakama hii tukufu, baada ya kupima uzito wa mila, desturi na mgongo wa mshtakiwa, ambao tumeambiwa na daktari kwamba una matatizo, inaona fahari kubwa kuamua kwamba kifungo hiki kibebwe na wajina. Tusiwe watumwa wa fikra za kigeni."

Redioni wakasema nchi imerudi kwenye mizizi. Ngoma zikapigwa. Wafadhili wakaelezwa kwamba ni utamaduni, na wafadhili wanaheshimu utamaduni, wakaenda zao na kikapu cha ukili kila mmoja.

*

Ikabaki kumpata wajina.

Mtu angedhani watachukuliwa kina Alfred, si ndio wenye jina? Lakini kina Alfred walikuwa wamevaa fulana, na kwenye fulana ilikuwepo sura ya Waziri, na hakuna askari aliyeweza kuitia sura ya Waziri gerezani. Kina Alfred wakalala na fulana zao, wakaoga nazo, wengine wakaacha kuoga.

Basi ikatoka amri kwamba fulana inatoka kwa jina zima, lakini gerezani mtu anaingia hata kwa jina la kijiweni.

Askari wakaja Kisimani na mbinu rahisi. Walitembea sokoni nyuma ya watu, wakaita kwa sauti ya urafiki, "Fredi." Anayegeuka ndiye. Watu wakajizoeza kutogeuka. Fredi wa Mkaa aliacha kugeuka hata mke wake alipomwita kula, akakonda. Fredi wa kanisani, ambaye kwa kweli alikuwa Frederick, alijifanya kiziwi mpaka kengele ya misa ikampita.

Lakini mtu wa mashine afanye nini? Injini inanguruma, anayekuita ni mteja. Siku hiyo Wini alikuwa pale akishika mdomo wa gunia, baba yake akimimina mahindi, sauti ikasema mlangoni, "Fredi." Baba yake akageuka na tabasamu lake lote.

"Karibu, karibu. Leta debe lako."

"Debe ni wewe," alisema askari, akamfunga pingu juu ya unga.

"Mimi ni Wilfred. Hata nyama mlininyima."

"Umegeuka au hukugeuka?"

"Nimegeuka, lakini..."

"Basi una damu moja na Waziri. Jisikie vizuri."

Wini akamshika askari mkono wa shati. Akasema, "Afande, baba yangu hajawahi kuiba hata punje." Alisema yote hayo, tena kwa mpangilio, lakini askari hakuinama. Alimwona tu mtoto akichezesha midomo, akamwondoa kama unavyoondoa inzi. Injini ikaendelea kunguruma bila mtu, ikisaga hewa.

*

Kifungo kikaanza, na kilimtesa sana Mheshimiwa Lukumbo. Aliendelea kuwa Waziri wa Maji, maana kazi za taifa hazisimami, lakini kila Jumapili alivaa sare ya mfungwa iliyoshonwa kwa hariri na kwenda redioni.

"Ndugu wananchi," alisema, "gerezani nimejifunza unyenyekevu. Nalala sakafuni. Nakula maharage yenye wadudu. Nawasamehe wote." Kisha wimbo ukapigwa. Mtangazaji alikuwa akisikika analia. Watu wakamtumia Mheshimiwa kuku na mablanketi ili asiugue kifua.

Aliyeugua kifua alikuwa yule mwingine.

Wini na mama yake, Rozalia, walifika gerezani na kifurushi cha unga. Mkuu wa gereza alikuwa Afande Kasiani, mnene, mvivu, mwenye masikio mabovu kutokana na miaka mingi ya kupiga kelele. Akawaitia mfungwa wao. Akaja mtu ambaye Wini hakumjua mpaka alipocheka, na kicheko chenyewe kikageuka kikohozi. Mkononi alibeba ndoo ya choo cha seli nzima, imejaa, inamwagikia miguuni kila akikohoa.

"Mheshimiwa," alisema askari aliyemfuata, "usimwage, Mheshimiwa," akamchapa fimbo mgongoni. Kwa sheria ilibidi wamwite hivyo. Kumpiga hakukukatazwa.

"Baba Wini, mnakunywa maji gani humu?" aliuliza Rozalia.

"Hayahaya ya mtaroni. Ila huku hatuachi yatulie, ndoo ni moja." Hakufafanua ni ndoo ipi. Hakuhitaji.

Wini akageuza uso. Si kwa sababu ya harufu. Ni kwa sababu redio ya Afande Kasiani ilikuwa inaimba ule wimbo wa Jumapili, na Afande alikuwa akiutikisia kichwa. Akaangalia mbavu za baba yake akajua kwamba mtu huyu miaka mitatu haimalizi. Pengine hata msimu wa mvua haufiki.

Basi msichana mwenye aibu akamsogelea mkuu wa gereza na kusema kitu.

"Eti?" alisema Afande Kasiani, na kwa sababu ya masikio yake akainama.

"Afande, nauliza. Baba akifa humu ndani, atakuwa amekufa nani?"

Afande Kasiani akabaki ameinama. Jambo hilo hakuwa amelifikiria. Wajina amefungwa, Waziri amefungwa. Wajina anapigwa, Waziri anapigwa. Sasa wajina akifa? Jasho likamtoka. Msiba wa taifa. Wageni. Watauliza kwa nini ukuta haujapakwa chokaa. Akaenda kwenye simu, akapiga Ikulu kuomba mwongozo.

Walimsikia kupitia mlangoni akisema "ndiyo, Mtukufu" mara nyingi. Kisha: "Hapana, bado hajafa." Kisha: "Ndiyo, nimeelewa, nitajitahidi."

Alipotoka, alimtazama baba yake Wini kama mtu anavyomtazama mbuzi mkesha wa sikukuu.

"Mtukufu anasema inasikitisha sana," alisema. "Ana mkwe wake hajapata wizara mpaka leo, na suti imeshashonwa. Anauliza mbona mnachelewa kufa."

Rozalia akakaa chini pale pale kwenye tope. Wini alimwona Afande akipiga miayo, akiangalia jua, akiangalia fimbo, akihesabu kazi iliyo mbele yake, na akamwonea kinyaa kiasi kwamba aibu ikamwisha kidogo. Akasema tena. Afande akainama tena.

"Afande, kwetu mtu akifa mbali na maiti isipatikane, tunazika mgomba."

"Mgomba."

"Unaukata kimo cha mtu. Unauvalisha sanda, unaulilia. Ukishafukiwa, huyo ni marehemu, hakuna anayebisha. Na nyuma ya choo cha hapa nimeona migomba."

Afande Kasiani akainuka polepole. Mgomba haukuhitaji kupigwa. Haupigi kelele. Hauoshwi, haukati roho, hauchafui sakafu.

"Mtoto," alisema, "wewe shuleni unashika nafasi ya ngapi?"

"Ya mwisho."

"Nilidhani hivyo. Wa kwanza wote wako Ikulu." Kisha akamgeukia mfungwa. "Wewe pitia tundu la takataka, mlango mkubwa ni wa maiti. Na sikiliza. Fredi amekufa. Nikisikia mtu anakuita jina hilo tena, nitakuja kukuzika kweli, nisije nikaonekana mwongo."

*

Mheshimiwa Lukumbo alisikia kifo chake redioni akiwa anakunywa supu ya utumbo. Mtangazaji alikuwa analia kweli safari hii, maana kuku wasingetumwa tena.

Akadhani ni makosa. Akavaa suti, akaenda mwenyewe uwanjani kurekebisha. Huko mazishi ya taifa yalikuwa yameshaanza. Getini alikuwepo yule mama wa itifaki wa mwavuli, miwani ile ile.

"Jina?"

"Unanichezea? Alfred Lukumbo."

"Huyo yuko kwenye jeneza. Wewe nani?"

"Ndiye mimi."

"Baba, marehemu ana heshima zake. Usimtanie na nchi iko kwenye huzuni."

Akachungulia juu ya ukuta. Kina Alfred wote wa nchi, ndani ya fulana zilizokuwa hazijavuliwa tangu ile siku ya mbuzi, walikuwa wamebeba jeneza upande wa kichwa. Majenerali walibeba upande wa miguu. Mgomba ulikuwa mbichi, na utomvu ulipenya kwenye mbao ukawa unatonea mabegani mwa majenerali, na mnajua utomvu wa mgomba ukishika nguo haumtoki mtu mpaka kaburini. Mtukufu Rais aliona yale matone akashika kipaza sauti.

"Tazameni," alisema. "Hata akiwa maiti anatoka jasho. Huyu alikuwa mchapakazi. Enyi mabomba ya nchi hii, lieni."

Mabomba hayakulia, hayakuwa na maji.

Mke wa Mheshimiwa alikuwa mstari wa mbele, amevaa nyeusi iliyomkaa vizuri mno kwa nguo ya ghafla. Waziri mpya wa Maji, Mheshimiwa Richard Sondoka, mkwe wa Mtukufu, alimshikilia asianguke, na alimshikilia muda mrefu kuliko alivyoyumba.

"Mama Lukumbo," aliita mumewe kutoka ukutani, "ni mimi. Nitazame."

Mke akainua uso. Alimtazama vizuri, kuanzia nywele mpaka viatu, kama mtu anayekagua nyumba anayoihama.

"Marehemu alikuwa na sauti kama yako," alisema, akarudi begani kwa Waziri.

*

Kwa sheria ya nchi ile, mtu asiye na jina hauziwi chakula, hapangishwi chumba, hapandi gari, hata polisi hawamkamati. Aliyekuwa Mheshimiwa akazunguka na suti yake mpaka ikaanza kumvaa yeye. Alibisha hodi kwa kina Alfred. Wakamfungulia wakiwa na fulana yenye sura yake, wakaiangalia sura, wakamwangalia, wakafunga.

Kwenye mashine ya Kisimani mambo yalikuwa yametulia. Baba yake Wini alikuwa amerudi, anakohoa kidogo kidogo, anasaga. Kwa muda watu hawakujua wamwiteje.

"Marehemu, nisagie hili debe," walisema.

"Leta," alijibu Marehemu. "Huku ahera foleni fupi."

Lakini mtu hawezi kuishi hivyo. Wakatafuta jina, na Wini ndiye aliyelipata, chini kabisa ya robota, lile lisilotakiwa. Hakuna mkubwa aliyewahi kuitwa hilo, na kwa namna linavyouma ulimi hakuna atakayeitwa. Mama yake alikuwa amekinga kikombe kimoja cha maji ya mvua, meupe, yanakaribia kuonekana bluu. Wini akajaza mdomo, akampulizia baba yake usoni taratibu, na unga wa miaka mingi ukatiririka shavuni.

"Kuanzia leo wewe ni Cuthbert."

"Ngoja nijaribu," alisema baba yake. Akajaribu. Akajing'ata. Wakacheka wote watatu hata injini haikusikika.

Na ni siku chache tu baada ya hapo, mtu mchafu mwenye suti akasimama mlangoni.

"Hodi, wajina," alisema.

Rozalia akanyanyua mchi. "Huyu anamwita nani wajina? Baba Wini, mwache nimtwange."

Lakini baba yake Wini alikuwa mtu wa adabu za zamani. Alimtazama yule mtu midomo iliyopasuka, akavuta kigoda.

"Hodi ni hodi," alisema. "Njaa haina fulana. Mama Wini, mpe uji."

Akapewa uji. Akaunywa kwa kelele mpaka akalamba bakuli, na Wini aliyaona tena yale mafuta ya kidevu hata pale ambapo hayakuwepo. Alipomaliza akajifuta kwa tai.

"Nahitaji jina," alisema. "Bila jina siwezi hata kushtakiwa. Nipulizieni."

"Sisi tuna majina mabovu tu," alisema Rozalia. "Chukua Norbert."

"Norbert ni jina la karani. Mimi nilikuwa Waziri." Akajinyoosha kwenye kigoda. "Nataka la daraja la kwanza. Nataka Richard. Ni jina la wafalme, na Waziri wa sasa ndilo jina lake. Nikiwa Richard, yeye ni wajina wangu, lazima anilishe. Utamaduni ni utamaduni."

Baba na mama wakatazamana. Huku mashineni habari zilifika mapema, zinakuja na mahindi. Waziri mpya, Mheshimiwa Richard Sondoka, alikuwa ameshaling'oa na lile bomba lenyewe lililobaki kwenye zege. Wafadhili walikuwa wamerudi. Jaji alikuwa ameshalia. Kina Richard wote walikuwa wamegawiwa kofia zenye sura ya Waziri na hawazivui, na tangu asubuhi askari walikuwa wanapita sokoni wakiita kwa sauti ya urafiki.

Baba yake Wini akageukia dirisha, kikohozi kimemshika. "Wini," alisema alipopata pumzi, "anayeomba jina hanyimwi. Lakini mwambie kwanza. Hata yeye ni mtu."

Wini akatii. Alisimama mbele ya yule aliyekuwa Mheshimiwa, na alimwambia kila kitu: kwamba Waziri amehukumiwa, kwamba wanatafutwa kina Riki, kwamba kijiweni Richard ni Riki, achukue Norbert. Alilisema lote, kwa sauti aliyokuwa nayo.

Yule bwana alikuwa ameketi wima, kidevu juu, anangoja. Hakuwa amewahi kumwinamia mtu katika maisha yake, na hakuona sababu ya kuanzia kwa mtoto wa mashine.

"Kananung'unika nini hako?" alisema. "Pulizia tupate kuondoka."

Maji ya mvua yalikuwa yamekwisha. Ilikuwepo ndoo ya mtaroni, bado haijatulia, rangi ya chai ambayo si chai, na juu yake kitu kinaelea ambacho heri kisijulikane. Ndiyo maji ya Kisimani, Waziri wa Maji anayajua. Wini alizamisha kata. Koo lake likajifunga, kama kawaida yake, lakini safari hii akalilazimisha likae wazi. Akajaza mdomo mpaka mashavu yakatuna.

Pfuu.

Kitu kile kikanasa kwenye nyusi.

"Richard," alisema Wini, akatema yaliyobaki mlangoni, akasukutua kwa pumba.

Yule bwana akainuka amefurahi, maji meusi yanamtonea kwenye suti, hakujifuta ili baraka isipungue. Hakuaga. Akavuka barabara kuelekea sokoni, kifua mbele, kiongozi kabisa. Kutoka mlangoni Wini aliwaona askari wawili wakitokea kwenye kibanda cha mkaa, wakatembea nyuma yake kwa unyayo laini.

"Riki," aliita mmoja, kwa urafiki.

Akageuka na tabasamu lake lote.